Sauti Kabla ya Picha: Mwongozo wa Kurekodi na Kuhariri Sauti ya Filamu Katika Milima ya Usambara

Lushoto humpa mpiga picha vitu vingi bila kumtoza. Ukungu unapanda Irente asubuhi, mashamba yanateremka ngazi kwa ngazi hadi bondeni, mwanga wa jioni unalala juu ya msitu wa Magamba, na hata simu ya bei ya kati inatoa picha ya kupendeza. Kwa sauti mambo ni tofauti. Bonde lilelile linalovutia macho hubeba mlio wa msumeno kutoka ng'ambo, honi ya basi kwenye kona, adhana, kengele, redio ya jirani na mbwa wa kijiji cha tatu. Mtazamaji huvumilia picha yenye giza kidogo. Asipoelewa mhusika anasema nini, huacha kutazama.

Mwongozo huu ni wako wewe mwenye kamera moja au simu, wenzako watatu au wanne, na hadithi unayotaka itendeke milimani: Lushoto, Soni, Bumbuli, Mlalo, Mtae au upande wa Amani. Shauri lake kubwa ni hili: ubora wa sauti huamuliwa siku unapochagua mahali na saa ya kupiga filamu. Programu ya kuhariri inaweza kusafisha, lakini haiwezi kukurudishia neno lililofunikwa na lori.

Vugiri, 1935

Kazi hii si ngeni katika milima hii. Kati ya mwaka 1935 na 1937, Vugiri, upande wa Korogwe, palikuwa makao ya mradi wa filamu ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment. Fedha zilitoka kwa Carnegie Corporation ya New York, na waendeshaji wake walikuwa L. A. Notcutt na G. C. Latham. Walipiga filamu za milimita 16 zisizo na sauti, kisha wakarekodi maelezo na mazungumzo kwenye sahani za santuri, zikachezwa sambamba na picha wakati wa maonyesho. Lori lao lilizunguka Tanganyika, Kenya na Uganda hadi Rhodesia ya Kaskazini na Nyasaland.

Maudhui ya filamu zile yalikuwa ya kikoloni: Wazungu waliamua Mwafrika afundishwe nini na anaweza kuelewa kiasi gani. Hayo hayaigwi. Lakini mbinu ya kutenganisha sauti na picha inastahili kuangaliwa, kwa sababu iliwawezesha kuipa picha moja lugha tofauti kulingana na watazamaji. Leo wewe pia utarekodi picha kwa kifaa kimoja na sauti kwa kingine, kisha uviunganishe mezani. Faida ya lugha tutaikuta tena tukifika kwenye Kisambaa.

Nenda ukasikilize mahali

Waongozaji wengi huenda kukagua lokesheni wakiwa wamebeba kamera. Wewe beba rekoda na hedifoni. Masikio yako yana tabia ya kuchuja kelele ulizozizoea, na ukiwa mwenyeji wa Lushoto hutasikia hata malori ya viazi yanayoshuka kuelekea Mombo. Maiki haichuji kitu. Kwa hiyo mahali pasikilizwe kupitia maiki ile utakayofanyia kazi.

Kuna jambo la milima ambalo mtu wa tambarare hulishangaa. Jua likizama, hewa baridi hukaa chini bondeni na hewa ya vuguvugu hubaki juu yake. Sauti ikipanda hupindishwa kurudi chini, hivyo husafiri mbali kuliko mchana. Ndiyo maana saa kumi na moja alfajiri, wakati ambao wengi huuona kuwa kimya kabisa, unaweza kusikia mazungumzo ya watu walio mgongo wa pili wa mlima. Ukitaka tukio la alfajiri lenye maneno mengi, lipige maiki ikiwa karibu na mdomo au lifanyie ndani ya nyumba. Alfajiri ya nje itumie kwa picha zisizo na maneno.

Fanya hivi:

1. Fika mahali siku ileile ya wiki na saa ileile utakayopiga. Jumatano asubuhi haikuelezi lolote kuhusu siku ya gulio.
2. Simama atakaposimama mwigizaji, vaa hedifoni, rekodi dakika tano bila kusema neno.
3. Andika kila kelele na inakotoka. Zigawe mara mbili: zinazozimika kwa kuomba (redio, mashine ya kusaga, jenereta, watoto wanaocheza) na zisizozimika (mto, barabara, upepo kwenye miti).
4. Piga kofi moja kali. Ukisikia mwangwi, mwamba au ukuta ulio mbele yako utarudisha kila neno. Sauti husafiri kama mita 340 kwa sekunde, kwa hiyo genge lililo mita 170 mbele linarudisha sauti baada ya sekunde moja. Mgeuze mwigizaji alipe mgongo genge hilo, au sogea.
5. Ongea na wenyeji. Mama anayeuza chai njiani anajua basi la kwanza linapita saa ngapi na fundi mbao huanza kazi lini.

> KISANDUKU: Uliza haya kabla ya kukubali mahali
> ☐ Siku za gulio ni zipi hapa na vijiji vya jirani?
> ☐ Kuna anayepasua mbao karibu? (Shume na Magamba ulizia mapema, ni maeneo ya mashamba ya miti na viwanda vya mbao.)
> ☐ Adhana na kengele ni saa ngapi? Hizo hupangwa kwenye ratiba, haziombwi zinyamaze.
> ☐ Shule inatoka saa ngapi?
> ☐ Paa ni bati? Mvua ikinyesha tutahamia wapi?
> ☐ Kuna msiba? Kama upo, ahirisheni.
> ☐ Mto ulio karibu hubadilika kiasi gani mvua ikinyesha juu?

Kuhusu mto: maporomoko ya Soni yanapendeza, na kila mtu anataka wapenzi wake wagombane mbele yake. Maji yale hufunika masafa yote ya sauti ya binadamu, na hakuna kichujio kinachoweza kuyaondoa bila kuondoa na maneno. Piga picha ya mbali mbele ya maporomoko bila mazungumzo, kisha wasogeze waigizaji nyuma ya ukingo wa ardhi au nyumba, mahali ambapo maji yanasikika kwa mbali. Mtazamaji ataamini kuwa bado wako palepale.

Na kuhusu watu. Usambara mtu hapiti bila kusalimia. Wapita njia watakusalimia wewe, watamsalimia mshika maiki, watamsalimia mwigizaji katikati ya machozi, na watakuwa na haki kabisa. Usiwafokee. Weka wenyeji wanaoheshimika hatua hamsini kabla ya seti, mmoja upande wa juu na mmoja upande wa chini wa njia. Kazi ya kila mmoja ni kuwapokea watu kwa salamu kamili, awaeleze kinachoendelea na kuwaomba wasubiri dakika mbili. Mlipe kama unavyomlipa fundi mwingine.

Vifaa: anza na hivi

Usisubiri fedha za vifaa vikubwa. Vinavyohitajika ni vinne: maiki, kitu cha kurekodia, hedifoni za kuziba masikio, na kinga ya upepo. Ukinunua kimoja kimoja, nunua hedifoni na kinga ya upepo kwanza, kwa sababu rekoda yako ya kwanza inaweza kuwa simu ya pili iliyowekwa hali ya ndegeni.

Maiki ndefu ya kuelekeza hufungwa kwenye bumu, na bumu si lazima iwe ya dukani. Mwanzi mkavu wa mita mbili na nusu, mwepesi, usio na ufa, unafaa vizuri. Ning'iniza maiki kwenye vipande vya mpira wa tairi la ndani ili mtetemo wa mkono usiingie, na usiache waya ukigonga mwanzi. Maiki ndogo ya kubana kwenye nguo inafaa kwa mahojiano na kwa matukio ya watu wanaotembea. Ukiwa nazo zote mbili, rekodi zote mbili, kila moja kwenye treki yake.

Mipangilio ya rekoda: faili la WAV, kilohezi 48, biti 24. Kilohezi 48 ndicho kipimo cha sauti ya video; ukirekodi kwa 44.1 utajitafutia usumbufu wakati wa kuunganisha. Usitumie MP3 kurekodia.

Ukaribu ndio kila kitu

Elewa kanuni hii kisha mengine yatakuwa mepesi. Kila umbali kati ya mdomo na maiki unapoongezeka mara mbili, sauti inayofika moja kwa moja hupungua kwa desibeli 6, lakini kelele za mazingira zinabaki vilevile. Maiki iliyo sentimita 30 kutoka mdomoni ikisogezwa hadi sentimita 60, umepoteza desibeli 6. Ikifika mita moja na sentimita 20, umepoteza 12. Kuongeza kiwango kwenye rekoda hakusaidii, kwa sababu unaongeza mto na mbwa pamoja na mwigizaji. Maiki ya kamera iliyo mita nne kutoka kwa mwigizaji imeshindwa kabla ya kuanza, hata iwe ya gharama gani.

Kwa hiyo mshika bumu amuulize mpiga picha swali moja kabla ya kila teki: "Ukingo wa fremu uko wapi?" Maiki ikae kidole kimoja nje ya ukingo huo, juu ya kichwa, ikielekezwa kifuani karibu na kidevu. Picha ikiwa pana mno kiasi kwamba bumu haikaribii, tumia maiki ya nguo, au piga tena tukio hilo kwa karibu na uchukue sauti ya teki hiyo.

Siku ya kurekodi, hatua kwa hatua

1. Zimeni simu zote au ziwekwe hali ya ndegeni, ya mwongozaji ikiwemo.
2. Ndani ya nyumba, zima friji na feni. Weka ufunguo wa gari ndani ya friji uliyoizima. Hamtaondoka bila kuiwasha, na nyama ya mwenye nyumba haitaharibika.
3. Tandika. Chumba chenye sakafu ya saruji na kuta tupu hutoa mvumo unaofanya kila sauti ionekane inatoka chooni. Lushoto mna neema moja: baridi imejaza mablanketi mazito kila nyumba ya wageni. Omba sita. Tandaza mawili sakafuni nje ya fremu, tundika mawili nyuma ya kamera, mengine yaweke ukuta ambao mwigizaji anautazama.
4. Kagua mavazi. Jaketi la nailoni la mwezi wa saba hukwaruza kila mwigizaji anapopumua. Kanga mpya yenye wanga nayo hukwaruza. Ifueni siku moja kabla. Ondoa bangili zisizo za lazima.
5. Jaribu kiwango kwa mstari wenye sauti kubwa kuliko yote katika tukio, usitumie "moja, mbili, tatu". Maneno ya kawaida yacheze kwenye desibeli -18 hadi -12, na kilele kisipite -6. Sauti ikipasuka kwenye rekoda ya biti 24 haitengenezeki.
6. Washa rekoda, washa kamera, mtu ataje tukio na teki kwa sauti, kisha apige kofi moja mikono ikionekana kwenye fremu. Kofi lipigwe karibu na maiki. Kwa picha 25 kwa sekunde, sauti hutumia muda wa fremu moja kusafiri karibu mita 14. Ukipiga kofi mita 30 kutoka kwenye maiki, umejichelewesha fremu mbili.
7. Mahojiano yakizidi dakika ishirini, piga kofi jingine mwishoni. Saa za vifaa viwili hazilingani kabisa, na kofi la mwisho litakuonyesha zimeachana kwa kiasi gani.
8. Mwongozaji akisema "kata", rekoda iendelee sekunde tano. Pumzi ya mwisho ya mwigizaji mara nyingi inahitajika kwenye uhariri.
9. Anayesikiliza hedifoni ana mamlaka ya kusimamisha teki. Mpe mamlaka hayo mbele ya wote, asubuhi, kabla kazi haijaanza.
10. Kabla ya kuhama mahali, kila mtu asimame alipo, asinong'one, na mrekodi sekunde sitini za sauti ya mahali.

Hatua ya kumi ndiyo inayorukwa kuliko zote, na ndiyo inayouma kuliko zote mezani. Hakuna kimya kinachofanana na kingine. Kimya cha sebule ya Mlalo kina upepo kwenye matundu ya bati na kuku nje. Kimya cha ofisi Lushoto mjini kina barabara kwa mbali. Ukikata kikohozi katikati ya maneno, shimo litakalobaki lazima lizibwe kwa kimya cha chumba kilekile. Usipokuwa nacho, mtazamaji atasikia sauti ikizimika na kuwaka.

Upepo, ukungu, mvua

*Upepo.* Irente, Mambo na Mtae ni kingo za mlima zinazotazama tambarare, na kadiri jua linavyopasha joto tambarare ndivyo upepo unavyopanda. Piga mapema. Sponji peke yake haitoshi hapo. Unahitaji kinga ya manyoya. Fundi cherehani anaweza kukushonea kwa kitambaa cha manyoya bandia, mradi kiwe cha kupitisha hewa: kiweke mdomoni upulize, pumzi ipite. Muweke mwigizaji mahali ambapo mwamba au kichaka kinakata upepo, kamera ibaki ikitazama uwazi.

*Ukungu.* Maiki nyingi za kuelekeza huharibiwa na unyevu kwa muda: huanza kutoa mlio kama wa mafuta kwenye kikaango. Hatari kubwa ni unapotoka nje kwenye baridi ukaingia chumba chenye moto au jiko, maana umande hujitengeneza ndani ya kifaa. Acha begi limefungwa nusu saa kabla ya kulifungua. Weka pakiti za kukausha unyevu, zile zinazokuja kwenye maboksi ya viatu, ndani ya begi. Betri nazo huisha haraka kwenye baridi. Za akiba zikae mfukoni karibu na mwili.

*Mvua.* Masika ya Machi hadi Mei na vuli ya Oktoba hadi Desemba zina mvua inayoweza kufunga kazi chini ya bati kwa saa nzima. Hata bila mvua, bati hulia: wingu likifunika jua, bati linapoa na kupiga milio. Nyumba ya udongo iliyoezekwa kwa nyasi, ukiipata, ni studio nzuri kuliko ukumbi mpya wa vigae. Uwe na tukio moja la akiba lisilo na maneno kwa ajili ya mvua.

*Jenereta.* Iweke nyuma ya nyumba au ukingo wa ardhi. Mita hamsini na kizuizi ni bora kuliko mita mia za uwazi.

Kusanya sauti za milima

Hapa ndipo filamu ya Usambara inaweza kujitofautisha na filamu iliyopigwa nyuma ya nyumba Sinza, Dar es Salaam. Wahariri wengi huchukua sauti za ndege kutoka mtandaoni, na matokeo yake ni msitu wa Lushoto wenye ndege wa Ulaya. Msambaa atajua mara moja.

Tenga asubuhi mbili na usiku mmoja kwa kazi hii peke yake, bila kamera wala waigizaji. Alfajiri tafuta mbega. Mlio wao mzito hupokezana kutoka mti hadi mti. Mchana hondohondo akipita, rekodi mabawa yake pia, kwa sababu yanavuma kwa nguvu kabla hata hajalia. Usiku msituni kuna perere, ambaye kilio chake huanza taratibu kisha hukaza hadi mgeni adhani mtu ameshikwa; mtunzi wa filamu ya kutisha hana haja ya kutengeneza kitu kingine. Nyumbani kusanya kinu na mchi, mlango wa mbao unaofungwa kwa komeo, hatua kwenye udongo mkavu na kwenye udongo wa mvua, mafungu ya karoti yanavyotupwa juu ya lori, na soko linavyoamka.

Rekodi kila sauti dakika tatu bila kusogea, na mwanzoni taja mahali, saa na hali ya hewa. Usicheze milio ya ndege kwa spika ili kuwavuta, hasa wakati wa kutaga. Usichanganye miinuko pia. Lushoto mjini iko karibu mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, na usiku wake una baridi na wadudu wachache kuliko Mombo, kilomita 33 hivi chini yake, ambako vyura na nyenje hawalali. Mhusika akilala Lushoto, asiamshwe na nyenje wa Mombo.

Mezani: mpangilio wa uhariri

DaVinci Resolve ina toleo la bure lenye ukurasa kamili wa sauti. Audacity, nayo ya bure, inatosha kusafisha faili moja moja. Fuata mpangilio huu, maana kila hatua inategemea iliyotangulia.

1. Nakili. Nakala mbili kwenye diski mbili, kabla ya kufuta kadi. Usitume sauti kwa WhatsApp kama ujumbe wa kawaida. Tuma kama dokumenti, la sivyo itabanwa.
2. Linganisha. Video ya simu mara nyingi ina fremu zisizo na kasi thabiti, nayo huhama taratibu kutoka kwenye sauti. Igeuze kwanza iwe na kasi thabiti ya fremu 25, ndipo ulinganishe kofi la picha na kofi la sauti.
3. Maneno kwanza. Fungia muziki wote nje. Kwa kila mstari chagua maiki iliyo bora, ondoa nyingine. Ziba mashimo kwa sauti ya mahali na uunganishe kila mkato kwa mpito mfupi wa fremu mbili hadi tano ili mkato usipige mlio.
4. Safisha kidogo. Kata masafa ya chini ya hezi 80 ili kuondoa mvumo wa upepo na lori. Kipunguza kelele kisishushe zaidi ya desibeli 6 hadi 10. Ukizidisha, mtu atasikika kama anaongea ndani ya maji. Kelele ndogo ya kweli inavumilika kuliko sauti safi iliyokufa.
5. Mandhari. Weka tabaka la mbali (upepo, bonde), la kati (ndege, kijiji), na la karibu (kuku, moto). Sauti ya tukio linalofuata ianze sekunde moja kabla ya picha yake, mkato utateleza.
6. Vitendo. Hatua, nguo, vikombe. Kazi hii ya kutengeneza upya sauti za vitendo huku ukitazama picha ilipewa jina la Jack Foley wa Universal, Marekani. Unaifanya kwa viatu halisi na ndoo ya udongo kutoka eneo lile.
7. Muziki mwisho. Nasisitiza mwisho. Tumezoea filamu ambazo kinanda hupigwa mfululizo ili kuficha sauti mbovu, na mtazamaji anachoka bila kujua kwa nini. Ukifanya hatua sita za kwanza vizuri, utagundua matukio mengi hayahitaji muziki wowote.
8. Changanya. Maneno ndiyo kipimo. Vingine vyote vipande na kushuka kukizunguka. Sikiliza kwenye hedifoni, kisha kwenye spika ya simu, kisha kwenye televisheni ya kibanda umiza penye watu. Spika ya simu haitoi masafa ya chini, kwa hiyo ngoma iliyobeba tukio zima kwa besi itatoweka kabisa.

Kiwango cha mwisho hutegemea unakopeleka. Kwa televisheni, ulizia kipimo chao. Ulaya hutumia LUFS -23 (LUFS ni kipimo cha ukubwa wa sauti). YouTube hushusha kazi iliyozidi takriban LUFS -14, kwa hiyo kuibana filamu ipige kelele hakukupi faida yoyote.

> KISANDUKU: Makosa yanayoonekana mara nyingi
> • Kusema "tutarekebisha kwenye kuhariri" huku lori likipita. Rudieni teki sasa.
> • Kurekodi bila hedifoni.
> • Kuacha rekoda ijipangie kiwango yenyewe: mtu akinyamaza, inapandisha mto.
> • Kurudia maneno studio Dar es Salaam bila sauti ya mahali. Mkilazimika kurudia, fanyeni ndani ya gari lililofungwa, palepale, siku ileile.
> • Kuweka maneno, muziki na mandhari kwenye treki moja.

Kisambaa na Kiswahili

Kosa hilo la mwisho linaturudisha Vugiri. Hifadhi filamu yako ikiwa na mafungu matatu yaliyotengana: maneno, muziki, na mandhari pamoja na vitendo. Hapo unaweza kuondoa maneno ya Kisambaa, ukaweka ya Kiswahili au lugha nyingine, na Lushoto ikabaki nyuma yake kama ilivyokuwa. Faili likiwa moja, kubadili lugha kunaua na kuku, na hatua, na upepo.

Lakini usikimbilie kubadili. Waigizaji wa Usambara wakiachwa waseme Kisambaa nyumbani na Kiswahili sokoni, kama watu wanavyoishi, filamu hupata ukweli ambao maandishi ya tafsiri chini ya picha yanaweza kuulinda. Mtafute mzee au mwalimu mwenyeji asikilize treki ya maneno peke yake, bila picha, kabla hujafunga kazi. Atasikia lafudhi ya kuigiza ambayo wewe hutaisikia.

Vibali na haki

Ukipiga filamu ya kuonyeshwa kwa umma unahitaji kibali cha Bodi ya Filamu, chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya mwaka 1976. Kwenye hifadhi za msitu kama Magamba na Amani, omba kwa Wakala wa Huduma za Misitu, na taja kuwa utarekodi sauti usiku. Kijijini, anza na ofisi ya mtendaji na mwenyekiti.

Nyimbo za kikundi cha ngoma au kwaya ni mali ya wanaoziimba. Andikianeni mkataba mfupi kabla ya kurekodi: wimbo upi, utumike wapi, malipo kiasi gani. Muziki wa msanii mwingine una ulinzi wa Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999, na COSOTA, ofisi ya hakimiliki, ndipo pa kuulizia. Chunga pia redio inayolia nyuma ya mahojiano: wimbo uliosikika sekunde ishirini kwa nyuma unaweza kufanya video yako izuiwe mtandaoni, na huwezi kuutoa bila kutoa sauti ya aliyehojiwa.

> ORODHA YA KUKABIDHI
> ☐ Filamu kamili, WAV kilohezi 48, biti 24
> ☐ Mafungu matatu ya sauti, yote yakianza fremu ileile
> ☐ Maandishi ya maneno yote, Kisambaa na Kiswahili
> ☐ Mikataba ya muziki na ya waliorekodiwa
> ☐ Kabrasha la sauti za milima, kila faili likiwa na mahali, saa na tarehe
> ☐ Nakala moja ya filamu kwa kijiji kilichowapokea, pamoja na tarehe ya kuionyesha